Mnyapara na Jembe la Posa

Mtu aliyenifundisha kukunja blanketi alikuwa mfungwa mwenzangu. Mpaka leo mke wangu akikunja blanketi, mimi hulikunjua nikalikunja upya, pembe kwa pembe, na yeye hununa. Humwambia asinilaumu mimi, amlaumu Mnyapara.

Jina lake nalijua, lakini mle ndani hakuna aliyelitumia, nami sitakuwa wa kwanza. Wafungwa tulimwita Mnyapara, askari walimwita Mnyapara, na Bwana Mkubwa wa jela, Mzungu mmoja mwenye masharubu ya rangi ya ndevu za mahindi, alimwita Nyapara kana kwamba ndilo alilobatizwa nalo. Alikuwa mfungwa kama sisi. Tofauti yake ilikuwa kitambaa chekundu alichofunga mkononi juu ya kiwiko, na mwenye kitambaa hicho ndiye aliyetuamsha, akatupanga mistari, akatugawia kazi, na akajibu yeye kwa askari pale tulipoharibu.

Mimi ni fundi cherehani wa Mbeya mjini. Baba yangu alipanda kutoka pwani na biashara ya kanga, akaoa huku kwenye baridi, akasahau njia ya kurudi. Mwanzoni mwa miaka ya hamsini nilikutwa na dhahabu ya Chunya bila leseni, nimeishonea kwenye pindo la koti. Haikujaza hata kijiko cha chai. Kinachoniuma ni kwamba pindo lenyewe lilishonwa vizuri kabisa, na askari aliyelichana hakuonyesha hata kushangaa. Hakimu akanipa mwaka na nusu na kazi ngumu, nikapakiwa lori pamoja na wengine, tukateremshwa kwenye shamba la wafungwa mbele kidogo ya Mafinga, mahali ambapo ukungu hufika asubuhi kabla ya uji na huondoka ukijisikia.

Mnyapara alitupokea getini. Alipita mbele yetu akitutazama viganja, mmoja mmoja, mpaka akafika kwangu.

"Wewe mwenye mikono laini, kazi yako nini?"

"Fundi cherehani."

"Safi sana. Kesho utashona matuta."

Na kweli kesho yake nilishona matuta, ya viazi, mpaka viganja vikapasuka. Jioni alinipa kipande cha mafuta ya ng'ombe nipake, akasema nimeshona vibaya lakini uzi haukukatika.

Alikuwa mfupi, kifua kipana, miguu imepinda kidogo, na sauti yake haikulingana hata kidogo na kimo chake. Asubuhi kabla ya kengele tulisikia: "Wageni wa Serikali, amkeni! Mwenyeji wenu ameshapika!" Alichopika mwenyeji kilikuwa uji usio na sukari. Mtu akilalamika kwamba maharage yana wadudu, Mnyapara alimuuliza kwa upole kabisa kama angependa atolewe wadudu au atolewe maharage. Sijui kama ni mzaha wa maana, lakini baridi ile ilitaka kila aina ya kuni.

Sheria za selo yake zilikuwa chache na hazikuwa na rufaa. Blanketi likunjwe. Ndoo ya haja itolewe kwa zamu, na zamu yake mwenyewe ilikuwamo. Na kabla mtu hajafanya lolote asubuhi, awasalimie wote. Mle ndani tulikuwa Wahehe, Wabena, Wasangu, Wanyakyusa, na mimi ambaye nilikuwa wa mjini tu, lakini salamu ilikuwa moja, ya Kihehe, ya kwao Mnyapara: "Kamwene." Uliitikia, ukaulizwa umeamkaje, ukajibu, ukauliza na wewe, ukasogea kwa wa pili. Hata kama jana mligombana. Hata kama huyo wa pili ndiye aliyekukoromea usiku kucha. Mwanzoni niliona ni usumbufu. Baadaye niligundua kwamba nilikuwa nikiamka mapema ili nisikose zamu ya kusalimiwa.

Adhabu yake ilikuwa hiyo hiyo salamu. Hakuwahi kumpiga mtu, ingawa wanyapara wa selo nyingine walipiga. Ukikosa, alikunyima "kamwene". Alikuruka akaenda kwa mwingine, na selo nzima ikakuruka. Tulikuwa na jamaa mmoja wa Igawa, mkubwa kama mlango, aliyefungwa kwa kuiba mizigo ya wasafiri pale barabarani. Jamaa huyo alichomoa tumbaku ya mzee mmoja Mnyakyusa. Mnyapara hakusema kitu. Siku zikapita jamaa akirukwa kama dimbwi. Mwishowe alikuja na ile tumbaku mkononi, machozi yakimtoka.

"Mnyapara, nitukane basi. Hata kidogo tu."

"Kamwene," Mnyapara akamjibu, na mambo yakaisha.

Wizi aliuchukia kweli kweli. Na huyo huyo alikuwa akiiba viazi vya Serikali. Yule mzee wa tumbaku alikuwa na kikohozi kibaya, na kila tuliporudi kutoka shambani kaptula ya Mnyapara ilikuwa na kiazi mahali ambapo askari mwenye heshima zake hapapasi. Kiazi kilichomwa kwenye majivu ya jikoni, mzee akala. Nilipomuuliza Mnyapara mbona naye anaiba, alikasirika.

"Nani ameiba? Nimekitoa kwa Serikali, nimempa mgeni wa Serikali. Kimetoka nyumbani kweli?"

Halafu alikuwa anaogopa jongoo. Mtu aliyewahi kulala porini na fisi, akiona jongoo kwenye tuta anaruka hatua mbili nyuma na kuita wasaidizi. Tulimcheka waziwazi na hakuona haya. Alisema kila mtu amepangiwa adui wake, na wa kwake amepangiwa miguu mingi.

Alikuwa Mlutheri, na siku za Jumapili aliimba kwa sauti iliyowafanya ndege wa pale waondoke. Lakini Ramadhani ilipofika nikiwa mle, ni yeye aliyezuia uji wangu wa asubuhi usimwagwe, akaufunika na sahani, akaukalia ulinzi hadi jua likatua. Alikuwa ananisubiri na chakula chake mwenyewe hajakigusa. Nikamwambia yeye hafungi, ale tu. Akasema hawezi kutafuna mbele ya mtu anayetazama mawingu. Sikuwa na ndugu mle ndani, na siku ile nilijua kwamba ninaye.

Ukimuuliza kosa lililomfunga, ulipata jibu la kukutosha wewe. Aliyeiba baiskeli aliambiwa kwamba Mnyapara aliiba treni, ila akakosa pa kuificha. Mimi niliambiwa alimshonea chifu suruali ikambana. Ukweli niliambiwa na Sajini, askari aliyekuwa mkubwa wetu shambani. Jumbe wa kijijini kwao alikuwa ameamuru kila mtu achimbe matuta ya kuzuia mmomonyoko, na akamtoa mama yake Mnyapara, mjane mzee mwenye miguu ya kuvimba, akachimbe kama vijana. Mnyapara alimkuta jumbe huyo kwenye pombe ya ulanzi, akamwomba kwa maneno mazuri, akajibiwa kwa maneno mabaya. Jumbe aliondoka pale akiwa na bega lililovunjika, na Mnyapara akaondoka na miaka mitano.

Huyo Sajini naye lazima nimseme, maana bila yeye hadithi haiendi. Alikuwa Mngoni wa Songea, na Mngoni na Mhehe ni watani. Babu zao walichinjana sana, hadi wakachoka, wakaachiana ruhusa ya kutukanana. Mtani akikutukana hukasiriki, na akichukua kuku wako unacheka. Kwa hiyo mfungwa na askari wake walikuwa wakirushiana maneno kutwa nzima juu ya mashamba ya viazi.

"We Mhehe, lima! Babu zako walizoea kukimbia tu, ndiyo maana jembe linakushinda."

"Walikimbia kwenda kuchukua mkuki mrefu zaidi, afande. Babu yako ndiye aliyeushikilia, kwa tumbo."

Kila askari mpya aliyehamishiwa pale siku ya kwanza alishika bunduki akidhani ni uasi. Sajini alimwambia atulie, hayo ni mambo ya familia.

Jambo moja tu Mnyapara hakulifanyia mzaha, nalo ni binti yake.

Alikuwa naye mmoja. Jumapili ya kutembelewa binti huyo alikuja kwa miguu kutoka kwao, asubuhi hadi adhuhuri, kichwani ana kikapu ambacho hakikuruhusiwa kupita seng'enge. Alisimama upande wa pili wa waya na kumkagua baba yake kama anayenunua mbuzi. Umekonda. Geuka. Hilo jeraha la nini? Na mtu huyu aliyetuamrisha sisi wote aligeuka alipoambiwa ageuke. Mimi nilikuwa nikiwaona kwa sababu sikuwa na mgeni, basi nilikaa jirani nikijifanya nashona vifungo vya Bwana Mkubwa.

Jumapili ile ninayoikumbuka, binti hakumkagua. Alishika waya kwa vidole.

"Baba, baba mdogo anataka kupokea jembe."

Kwao posa haiji kwa maneno matupu. Wazee wa upande wa kijana huleta jembe jipya, wakaliweka mikononi mwa baba wa binti. Jembe hilo likilala chini ya paa la baba mpaka kukucha, baba amekubali. Likitolewa nje kabla ya jua kuchomoza, amekataa, na hakuna wa kuja kuuliza tena. Baba akiwa hayupo, ndugu yake hupokea badala yake, na neno lake linakuwa neno la baba.

Mdogo wake Mnyapara alikuwa ameshamtafutia binti mume: mzee wa jirani mwenye ng'ombe wengi na meno machache. Binti alikuwa na wake, kijana mpasua mbao wa Mafinga, ambaye mali yake yote ilikuwa msumeno mrefu na mwenzake wa kuuvuta upande wa chini.

"Wewe unamtaka nani?" Mnyapara akauliza.

"Wa msumeno."

"Mwambie baba yako mdogo asubiri nitoke."

"Nimemwambia. Anasema mfungwa hana paa."

Mnyapara aligeuka akatazama nyuma yake, jengo letu refu na mabati yake yaliyoshika kutu, halafu akamgeukia binti.

"Waambie watu wa kijana walete jembe hapa."

"Hapa wapi, baba?"

"Hapa. Paa langu kubwa kuliko la baba yako mdogo. Lake la nyasi, langu bati."

Tulicheka usiku ule, lakini yeye hakucheka. Kila mmoja wetu alijua shida ilipo. Kitu cha chuma kutoka nje hakikuruhusiwa kulala ndani ya jela, hata sindano zangu zilifungiwa ofisini jioni. Kwenda kumwomba Bwana Mkubwa ilikuwa hatari, kwa kuwa Bwana Mkubwa alipenda kanuni kama wengine wanavyopenda ugoro, na akisema hapana mara moja, mlango umefungwa. Mnyapara akaamua kumwambia mtani wake.

Sajini alisikiliza hadi mwisho, akasema Wahehe ni watu wa ajabu, mpaka jembe wanalipangishia chumba. Kisha akasema, "Walete tu."

Walikuja Jumamosi tukiwa tunachimba viazi karibu na barabara: wazee wawili wamejifunga mablanketi meusi, na kijana nyuma yao, mrefu, vumbi la mbao bado liko kwenye nyusi. Sajini akawaruhusu wasogee. Mnyapara alifuta mikono kwenye kaptula, mara ya kwanza, mara ya pili, akaona bado ina udongo, akaipokea aibu hiyo na jembe pamoja, kwa mikono miwili. Hakukuwa na mkeka wala kigoda. Sisi wafungwa tuliinama tukijifanya tunachimba, na nadhani hakuna kiazi kilichotoka ardhini dakika zile.

"Unapiga?" akamuuliza kijana.

"Napasua mbao tu, baba."

"Ukikasirika?"

"Napasua nyingi zaidi."

Mnyapara alimtazama juu mpaka chini, safari ndefu kwa mtu wa kimo chake. Akatikisa kichwa kukubali. Wazee wakaenda kukaa chini ya mikaratusi ng'ambo ya geti, wakawasha moto, maana desturi iliwataka wasubiri palepale waone kama jembe litatupwa nje kabla ya jua.

Sasa jembe lilale wapi? Sajini alikuwa na jibu tayari, na jibu lenyewe ndilo lililotaka kutumaliza.

"Tunalichanganya na majembe ya Serikali, linalala stoo. Jembe ni jembe. Nani atalitambua?"

Siku zote Sajini alihesabu vifaa peke yake jioni. Jioni ile, kwa bahati yetu mbaya, shoka lilikuwa limepotea wiki hiyo, na Bwana Mkubwa alikuja kuhesabu mwenyewe. Tukapangwa uwanjani. Akahesabu majembe. Akasimama, akayahesabu upya, sasa akiyagusa kwa fimbo yake. Majembe yalizidi.

Jembe likipungua, kila mtu pale alijua kinachofuata, na Bwana Mkubwa zaidi ya wote. Jembe likizidi, hakuna aliyejua, naye hakujua. Alivuta masharubu. Akainua majembe moja moja akitafuta alama ya Serikali iliyochomwa kwenye mpini, mpaka akalipata jipya, mpini mweupe, halina alama.

"Hii jembe ya nani?"

Sajini alitazama mawingu. Angeulizwa yeye kwanza, kazi yake ingekwisha palepale.

"Hapana jembe ya jela," akasema Bwana Mkubwa. "Tupa nje. Nje ya geti. Sasa hivi."

Askari mmoja kijana akalichukua, akaanza kwenda nalo. Nje ya geti moshi wa wazee ulikuwa unaonekana. Niliangalia uso wa Mnyapara, na sitaki kuuona uso kama ule tena kwa mtu ninayempenda. Jembe likivuka geti, ameshamkataa kijana kwa mkono wa Serikali, na ndugu yake angekuwa huru kupokea la mzee wa ng'ombe.

Mnyapara akatoka kwenye mstari. Kutoka kwenye mstari lilikuwa kosa.

"Bwana Mkubwa, naomba ruhusa ya kusema."

"Sema, Nyapara."

"Jembe hili limekutwa ndani, Bwana. Halina alama, haijulikani limetoka wapi, wala halijaulizwa. Mtu akikutwa hivyo, halafu tukamwachia aende zake, si tutaulizwa?"

Bwana Mkubwa akamsimamisha yule askari kwa fimbo.

"Mtu kama hiyo natiwa ndani," akasema polepole. "Asubuhi naulizwa."

"Ndiyo kanuni, Bwana."

"Ndiyo kanuni," akasema Bwana Mkubwa, na nilimwona akistarehe, kama mtu aliyepata ufunguo uliopotea mfukoni mwake. "Tia ndani!"

Jembe likatiwa ndani. Sajini alilisindikiza mwenyewe kwenye selo ya mahabusu, akalisimamisha kwenye kona, akafunga kufuli, na akapiga saluti ambayo mpaka leo sijui ilikuwa ya nani. Selo hiyo ilipakana na yetu ukuta kwa ukuta, chini ya bati moja. Tulipofungiwa, yule jamaa wa Igawa alijitia blanketi mdomoni asisikike akicheka. Mzee wa kikohozi alicheka hadi kikohozi kikamwacha. Mnyapara peke yake ndiye aliyekaa na mgongo kwenye ukuta ule, kama baba anayesikiliza mtoto mgonjwa chumba cha pili, na nilipolala nilimwacha hivyo.

Asubuhi ukungu ulikuwepo kama kawaida, halafu ukapata rangi, halafu jua likaonekana. Geti halikufunguliwa, jembe halikutoka. Ghafla ng'ambo tukasikia wale wazee wawili wakianza wimbo wa harusi, kwa sauti za kukwaruza za watu waliolala nje, na makofi ya kijana juu yake. Mnyapara aliinuka, akajinyoosha, akaanza na mimi: "Kamwene." Machozi yalikuwa yakimtiririka bila haya yoyote.

Jembe likaulizwa ofisini. Mimi nilikuwa huko nikichukua sindano zangu, nikachelewa kuzichagua. Mnyapara alisema kila kitu, isipokuwa jina la Sajini. Alisema amelichanganya yeye. Bwana Mkubwa alisikiliza, uso umekuwa mwekundu, na mwishowe akauliza swali ambalo sikulitarajia kwake.

"Binti yako nakubali?"

"Ndiye aliyeleta habari, Bwana. Mimi nilitumwa tu."

Masharubu yalicheza. Sidhani alikuwa mtu mbaya. Lakini kanuni ni kanuni, na mfungwa alikuwa ameingiza chuma jela. Alimvua Mnyapara kitambaa chekundu palepale, na akamkatia msamaha, ile miezi ambayo mfungwa mwenye tabia nzuri hupunguziwa. Maana yake ilikuwa kwamba harusi ya binti yake ingefungwa yeye akiwa bado ndani. Jembe likaachiwa bila mashtaka, wazee wakalipeleka kwa mama wa binti.

Alipotoka ofisini nilimpa pole ya miezi.

"Harusi ni ya kula," akasema. "Sehemu yangu nimeshaifanya."

Akaenda kubeba maji na wafungwa wapya, akiimba. Selo yetu ilipewa mnyapara mwingine, mtu wa kupiga, na ndani ya muda mfupi mablanketi yakalala hovyo, ndoo ikagombaniwa, na watu wawili wakang'oana meno. Bwana Mkubwa alipenda kanuni, lakini alipenda utulivu zaidi. Kitambaa kikarudi mkononi kilikotoka.

Siku ya harusi yenyewe tulikuwa shambani. Hakuna aliyelima vizuri. Tulimwimbia nyimbo za harusi za kwetu sote, mimi za pwani ambazo baba yangu alizibeba, na Sajini akaweka bunduki chini akacheza ngoma ya Kingoni kati ya matuta, akisema anamchezea mke wake mwingine, binti wa mtani. Mnyapara alimtukana kwa furaha mpaka jioni. Baadaye nilimwona amekaa pembeni akitazama upande wa kwao, nikamwacha.

Mimi nilitoka kabla yake. Nilirudi Mbeya, kwenye cherehani yangu, na nikazoea kutoitaja jela mbele ya wateja, maana mtu hapendi suruali yake ipimwe na mfungwa wa zamani.

Miaka ile ya hamsini ikielekea ukingoni, nilikuwa nasafiri kwenda Iringa kununua vitambaa, basi likasimama Mafinga kwa ajili ya abiria kula. Mtu mfupi alikuwa amesimama kando ya lori la mbao akibishana na wapakizi kwamba wamepanga vibaya. Nilimjua kwa sauti kabla sijamwona. Alinikumbatia mbele ya watu, akaniambia basi langu linaweza kwenda, lipo jingine kesho, na mzigo wangu akaubeba yeye.

Alikuwa anaishi kwa binti yake. Nyumba ilikuwa ya mbao, imejengwa na mwenye kazi yake, milango inafunga bila kulazimishwa. Siku hiyo mtoto wao alikuwa amebatizwa, na sebuleni walikaa watu wa heshima: mchungaji, mzee wa kanisa, mwalimu wa shule na jamaa wa mume. Binti alimwambia baba yake anawe mikono, akanawa. Akamwambia na miguu pia, akanawa na miguu. Halafu tukaketi, tukapewa chai.

Mwalimu ndiye aliyeuliza, kwa adabu tu.

"Na mgeni wetu huyu, mzee, mmejuana wapi?"

Nilimwona mkwewe ameacha kumimina chai. Nilifikiri juu ya mchungaji, juu ya jamaa wa mume, juu ya mtoto aliyebatizwa asubuhi hiyo, nikawahi kujibu.

"Tuliwahi kulima pamoja, zamani, kwenye shamba moja la..."

"Tulifungwa pamoja," akasema Mnyapara. Aliweka kikombe chini, hakuipunguza ile sauti yake. "Jela. Huyu alikuwepo siku nilipomwoza binti yangu."

Binti alikuwa amesimama mlangoni na mtoto mgongoni. Alinitazama vizuri, kama alivyokuwa akimtazama baba yake kupitia waya.

"Kumbe ni baba mdogo," akasema.

Akafungua mbeleko, akamteremsha mtoto, akaja akaniwekea mapajani.

"Mshike mjukuu wako, baba, mimi nipakue chakula."